Nilivyoacha kuni na kuhamia chokaa katika kilimo cha uyoga

Uyoga mamama husifiwa kuwa zao linalotunza mazingira, na sifa hiyo unaistahili, kwa kuwa hula mabua na majani makavu ambayo vinginevyo yangechomwa moto shambani. Kilichonikera kwa muda mrefu ni kwamba mabua hayo hayo niliyachemsha kwenye mapipa kwa saa kadhaa ili kuua vijidudu, kila nilipoandaa mifuko ya kuoteshea uyoga, na kuni zilizoteketea zilifuta sehemu kubwa ya faida, ya kwangu na ya msitu pia. Hofu ya namna hiyo si ngeni. Nchini China, inayozalisha sehemu kubwa ya uyoga wa dunia, ukataji wa miti kwa ajili ya magogo ya kuoteshea uyoga ulitishia misitu, na mwaka 1986 Profesa Lin Zhanxi alifaulu kukuza uyoga kwa nyasi badala ya miti. Mimi mabua nilikuwa nayo tayari; tatizo langu lilikuwa moto.

Niliamua kuyaloweka kwenye maji baridi yenye chokaa. Mshauri mmoja aliyejitambulisha kuwa mtaalamu alinihakikishia kwamba chokaa yoyote inafaa, na kwamba ile ya kilimo, inayopunguza asidi ya udongo, ndiyo salama zaidi. Nilijaribu ushauri wake kwenye mifuko michache niliyoitenga. Utando mweupe wa uyoga ulianza kutambaa vizuri kuzunguka mbegu, kisha yakatokea madoa meupe yaliyofanana nao kabisa, na ndani ya muda mfupi madoa hayo yakageuka kijani kibichi, yakatoa vumbi na harufu ya uvundo. Huo ulikuwa ukungu wa Trichoderma, adui anayejulikana na kila mkulima wa uyoga. Niliiondoa mifuko hiyo ikiwa bado imefungwa, kwa sababu kuifungua ndani ya chumba ni kuitawanyia mifuko mingine ukungu huo.

Jibu lilikuwa kwenye kemia ya kawaida kabisa, na bado naudhika kwamba ushauri ule unaendelea kutolewa. Chokaa ya kilimo ni kabonati ya kalisi, ambayo haiyeyuki vya kutosha kuyafanya maji kuwa makali. Inayohitajika ni chokaa iliyozimwa, yaani haidroksaidi ya kalisi, inayopandisha pH ya maji, yaani kipimo cha asidi au ukali wake, hadi karibu 12, kiwango ambacho vijidudu vingi shindani havikistahimili. Nilinunua karatasi za kupimia pH, vitu vya bei ndogo sana, na tangu hapo siamini maandishi ya mfuko wa chokaa kabla ya kuyapima maji. Mabua yaliyokatwakatwa hukaa humo usiku kucha, yakikandamizwa kwa uzito ili yasielee, kisha huchujwa maji hadi konzi moja ikiminywa kwa nguvu itoe tone moja au mawili tu. Glavu ni lazima, maana maji hayo huchubua ngozi.

Wapo watakaotaka kuongeza pumba ili mavuno yazidi. Kwa njia hii wasifanye hivyo, kwani pumba ni chakula kitamu kwa ukungu, na mchanganyiko wenye pumba huhitaji mvuke wa shinikizo wa nyuzi joto 121.

Ninachojivunia zaidi ni jinsi nilivyotatua suala la maji yaliyotumika. Sikubali kuyamwaga kwenye mifereji, kwa sababu ukali wake huua samaki na viumbe vya majini. Niligundua kwamba yanaweza kutumika tena kwa awamu inayofuata, mradi yaongezwe chokaa na kupimwa upya, na yakichakaa huyaacha wazi kwenye beseni pana huku nikiyakoroga mara kwa mara. Kaboni dayoksaidi ya hewani huigeuza chokaa polepole kuwa kabonati, nayo hutuama chini kama unga mweupe, na pH hushuka hadi kiwango kisichodhuru. Unga huo nauchanganya kwenye mboji pamoja na mabua yaliyokwisha kutoa mavuno, kwa kiasi kidogo, na kwa mimea inayopenda udongo wenye asidi siupeleki kabisa.