Koti la mvua la mtoto lisilo na sumu: ninavyolichagua sokoni

Koti la mvua la mtoto huwa naligeuza ndani nje kabla ya kuuliza bei. Upande wa ndani ndio unaoonyesha limetengenezwa kwa kitu gani, na hilo ndilo linaloamua sumu ipo au haipo. Hapa Dar es Salaam makoti ya watoto hutufikia kwa njia mbili: mapya, mengi kutoka China, na mitumba ya kutoka Ulaya na Amerika Kaskazini. Yale mapya ya bei ya chini hayana maelezo ya maana, na ya mtumba lebo imekatwa au imefutika. Kwa hiyo kazi kubwa hufanywa na mkono, maji na tone la mafuta.

Ukikuta nje ni plastiki nene inayong'aa na ndani kuna kitambaa chepesi cheupe kilichogandishwa nayo, au koti zima ni plastiki tupu inayonuka kama kitambaa kipya cha meza, lichukulie kuwa PVC, plastiki yenye klorini, hadi lithibitike vingine. Ukikuta nje ni kitambaa kilichofumwa, na ndani kuna utando mwembamba mweupe au wa kijivu ulioshikamana nacho, hiyo kwa kawaida ni poliesta au nailoni iliyopakwa PU, yaani poliyurethani, plastiki inayozuia maji. Poncho nyepesi zenye rangi ya maziwa, laini na zisizo na harufu kali, mara nyingi ni EVA au PEVA, plastiki isiyo na klorini.

PVC ndiyo ninayoikwepa kwanza, hasa kwa mtoto mdogo anayenyonya ncha ya mkono wa koti. Kwa asili yake ni ngumu, ndiyo maana inatengenezewa mabomba ya maji. Ili ikunjike kama nguo huongezewa vilainishi, na katika plastiki laini hivyo huweza kufika theluthi ya uzito wote. Kwa miaka mingi vilainishi vilivyotumika zaidi ni ftalati. Havikufungwa na plastiki yenyewe, vimekaa tu katikati yake, hivyo hutoka polepole kwa joto, kwa msuguano na kwa mate. Baadhi yake huvuruga homoni. Umoja wa Ulaya umeweka kikomo cha asilimia 0.1 ya uzito kwa ftalati nne, yaani DEHP, DBP, BBP na DIBP, na tangu Julai 2020 kikomo hicho kinagusa bidhaa nyingi za kawaida, si vichezeo peke yake. Marekani ilipitisha sheria yake mwaka 2008, lakini kikomo cha ftalati kiliwekwa kwa vichezeo na vifaa vya kulelea watoto. Koti la mvua si kichezeo. Kwa hiyo muuzaji akisema "hili la Marekani", bado hajakuambia lolote kuhusu ftalati.

Kuna pia metali za risasi na kadimiamu, ambazo zimetumika kuifanya PVC istahimili joto kiwandani, na rangi za njano na machungwa zenye risasi ndani yake. Njano inampendeza kila mzazi kwa sababu dereva humwona mtoto mapema, nami naitaka njano vilevile, ila naitaka kwenye kitambaa cha poliesta. Harufu isikupumbaze. Ile harufu kali inatokana zaidi na viyeyushi na mabaki ya kiwandani. Ftalati karibu hazinuki. Koti lililoning'inizwa dukani hadi harufu ikaisha linaweza kuwa na vilainishi vyake karibu vyote.

Kwa plastiki tupu kuna kipimo cha maji. Kata kipande cha ukubwa wa ukucha kwenye pindo la ndani, kipake tone la sabuni ya vyombo ili kisishike mapovu ya hewa, kisha kizamishe kwenye glasi ya maji na ukiachie. EVA na PEVA hupanda juu. PVC hubaki chini. Poliesta na PU nazo huzama, kwa hiyo kipimo hiki hakifai kwa kitambaa kilichopakwa utando.

Kikizama na bado una shaka, kipo kipimo cha waya wa shaba. Chukua waya wa umeme wa sentimita 15, umenye, ushike kwa koleo na uuchome kwenye moto wa gesi mpaka moto uache kugeuka kijani. Ukiwa bado wa moto, ugusishe kwenye kipande cha plastiki ili ibaki chembe ndogo, kisha urudishe motoni. Mwako wa kijani kibichi unaashiria klorini, na kwa koti la mvua klorini maana yake ni PVC. Fanya nje, upepo ukiwa mgongoni, watoto wakiwa mbali, kwa chembe ndogo kuliko punje ya mchele. Moshi wake una asidi.

Moshi huo ndio sababu nyingine ya kuikataa PVC katika miji yetu. Taka nyingi za nyumbani huishia kwenye moto wa uani, na PVC ikiungua kwenye moto hafifu hutoa gesi ya asidi pamoja na dioksini, sumu kali inayodumu. Uzuri wa koti kwa mazingira huku kwetu hauwezi kupimwa kwa tangazo la kiwanda bila kuuliza litaishia wapi. Kama tayari unalo la PVC na limechanika, likate liwe kifuniko cha kiti cha baiskeli au cha mfuko wa saruji, lakini usilitupe motoni.

Kundi la pili la sumu ni PFAS, kemikali zenye florini zinazopakwa juu ya kitambaa ili maji yaviringike na kudondoka. Haziozi, na zikifika kwenye maji ya mto au kisima hukaa humo. Kipimo chake ni rahisi kuliko cha PVC. Dondosha tone la maji mahali safi pa koti, kisha pembeni tone la mafuta ya kula, usubiri dakika moja hadi mbili. Maji yakibaki tone na mafuta yakizama kwenye kitambaa, dawa iliyopakwa ni ya nta, silikoni au nyingine isiyo na florini. Mafuta nayo yakibaki tone la mviringo, karibu hakika kuna PFAS, maana hizo ndizo zinazokataa maji na mafuta kwa pamoja. Mtumba uliochakaa unaweza kuficha, kwa hiyo jaribu chini ya kwapa au ndani ya mfuniko wa mfuko, ambako dawa haijasuguliwa. Tone la mafuta husafishwa kwa sabuni ya vyombo, na muuzaji mwenye subira hukubali.

Kwenye lebo kuna mtego. Maneno "PFOA free" hayamaanishi koti halina PFAS. PFOA ni moja tu katika kundi la maelfu. Kampuni kubwa za kemikali zilikubaliana na serikali ya Marekani mwaka 2006 kuiondoa hadi kufikia 2015, na mwaka 2019 ikaingizwa kwenye Mkataba wa Stockholm, mkataba wa kimataifa wa kudhibiti kemikali sumu zisizooza. Viwanda vingi vilihamia kwenye dawa zenye mnyororo mfupi wa kaboni na florini, ambazo bado ni PFAS. Maneno ninayoyatafuta ni "PFAS free", "PFC free" au "fluorocarbon free". California ilipiga marufuku PFAS kwenye nguo nyingi kuanzia Januari 2025, na Ufaransa kuanzia Januari 2026, kwa hiyo mitumba ya miaka ijayo itakuwa na nafuu. Kwa sasa, koti la mtumba lililotengenezwa kabla ya 2015 nalipima kwa mafuta bila huruma.

Nikilazimika kuchagua kati ya maovu mawili, kwa mtoto wa chini ya miaka mitatu nitalipokea koti la poliesta lenye PFAS chakavu kabla ya PVC mpya. PFAS zilizopakwa kwenye koti zinaumiza zaidi maji na watu wanaoishi karibu na viwanda kuliko ngozi ya mvaaji. Ftalati zinaingia mdomoni moja kwa moja.

Alama ya OEKO-TEX Standard 100, ya nguo zilizopimwa kemikali zenye madhara, inasaidia pale ilipo. Daraja la 1 ni la watoto hadi miaka mitatu, nalo ndilo kali kuliko yote. Huwa na namba, na namba hiyo inakaguliwa bure kwenye tovuti yao. Namba isiyopatikana huko ni urembo tu.

Sasa utando wa PU, ambao ndio chaguo langu la kawaida. Adui yake ni joto na unyevu, na pwani tunavyo vyote viwili. Unyevu huuvunja utando taratibu hata koti likiwa kabatini. Shika ndani ya mabega na kofia, ukunje kitambaa, ukisugue kwa kidole gumba. Utando ukinata, ukipukutika kama magamba, au ukinuka kama matapishi, liache. Hakuna sabuni wala dawa itakayourudisha. Kisha kunja kitambaa kiwe kama kikombe, mimina maji robo lita, ukishike dakika tano huku ukisugua chini yake. Kiganja kibaki kikavu. Pale penye lebo ya milimita za maji, yaani kimo cha maji ambacho kitambaa hukihimili kabla ya kuvuja, 2,000 zinatosha manyunyu na mwendo mfupi, 5,000 kwa mtoto anayetembea hadi shule masika, na 10,000 ni za sehemu zenye mvua nyingi kama Bukoba na Tukuyu. Ila namba hiyo ni ya kitambaa, na koti huvuja kwenye mshono. Ndani ya mishono ya mabega na kofia lazima kuwe na utepe uliogandishwa. Utepe ukiwa umebanduka sentimita chache, fundi anaweza kuziba kwa gundi ya PU. Ukiwa umebanduka wote, bei ishuke sana au uondoke.

Ukimpa fundi cherehani alipunguze, mwambie atumie sindano nyembamba, namba 11, mshono mrefu wa milimita 3 hivi, na asibane kwa pini. Kila tundu la pini ni tundu la maji.

Kamba kwenye kofia naikata papo hapo. Viwango vya Ulaya vinaikataza kwa watoto wa chini ya miaka saba kwa sababu hunasa na kukaba shingo. Kofia inayochomoka kwa vifungo vya kubonyeza ni bora zaidi. Poncho hufunika mtoto pamoja na begi lake na hupitisha hewa vizuri kwenye joto letu, lakini kwa mtoto anayepandishwa bodaboda haifai kabisa: pindo hupepea na kuingia kwenye mnyororo au gurudumu.

Kuna wanaotengeneza la pamba kwa kulisugua nta ya nyuki na kulipiga pasi. Kwa koti la mtoto wa miaka sita gramu 80 hadi 100 zinatosha. Huko Njombe kwenye baridi ni zuri. Pwani lina joto, hunata juani, na karibu na moto wa jikoni ni hatari.

Mtumba ukifika nyumbani ufuliwe mara mbili kwa maji ya vuguvugu ya nyuzi 30 na sabuni kidogo, bila dawa ya kulainisha nguo, kwani huharibu uwezo wa kukataa maji. Anika kivulini. Kufua huondoa vumbi na dawa za kuhifadhia, lakini hakumalizi ftalati wala PFAS.

Gambuti zina hesabu ileile. Za bei ya chini ni PVC iliyomiminwa kwa kipande kimoja. Gusisha sindano ya moto kwenye ukingo wa ndani: PVC huyeyuka, mpira halisi hauyeyuki bali hutoa harufu ya tairi. Za EVA ni nyepesi mno na huelea, nazo nawapa watoto wadogo. Vumbi jeupe linalotokea juu ya mpira wa asili si ukungu, ni nta na viungo vya mpira vilivyopanda juu. Futa kwa kitambaa chenye maji. Mtoto mwenye mzio wa mpira asivae bila soksi ndefu. Acha nafasi ya sentimita moja mbele ya vidole. Ikitoboka ya mpira, kwangua kwa msasa, paka solusheni ya baiskeli pande zote mbili, subiri ikauke hadi isishike kidole, bandika kipande cha tyubu na ukigandamize, kisha iache nje siku nzima kabla ya kuvaliwa. Kwenye PVC solusheni hiyo haishiki.