Pamba ya Milton mbele ya mbangua korosho

Tamthilia za Uingereza ya zamani hunichosha: magauni, chai, barua. North and South ya BBC ya 2004 ndiyo niliyoimaliza, sehemu 4 tu, kutoka riwaya ya Elizabeth Gaskell ya 1855.

Kilichonishika ni kiwanda cha pamba cha Milton, mji wa kubuni wa hadithi hii. Pamba inapeperuka hewani, nyeupe, inapendeza kuitazama, na hiyohiyo ndiyo iliyomharibu mapafu Bessy Higgins, msichana mfanyakazi. Shangazi yangu amebangua korosho hapa Mtwara tangu usichana; vidole vyake vina mabaka meusi ya mafuta ya maganda. Alipomwona Bessy anakohoa akauliza, “Tajiri wao haoni?”

Nikamweleza yaliyomo kitabuni: lilikuwepo gurudumu la kuvuta vumbi, ila wenye viwanda wengine waliona ni gharama isiyo na faida. Hata wafanyakazi wengine walilikataa, maana kumeza pamba kulipunguza njaa. Shangazi akaguna. “Hilo naliamini.”

Lawama yangu ni kamera. Inamganda John Thornton, mwenye kiwanda, huku Boucher, mfanyakazi maskini aliyejitosa mtoni akaacha watoto, anapitiwa harakaharaka.

Shangazi hakubaliani nami. “Mwache Thornton, mwanangu. Yule kijana mzuri.”