Kazi ya kumlinda shahidi, Albuquerque na kwetu Kivu

Nimeitazama upya tamthilia ya Kimarekani In Plain Sight, iliyoonyeshwa na kituo cha USA Network kuanzia Juni 2008 hadi Mei 2012, na kilichonivutia zamani sicho kinachonigusa leo. Zamani nilifuata bastola na ukali wa Mary Shannon, afisa wa US Marshals, kikosi cha serikali kuu ya Marekani kinachohudumia mahakama, ambaye, pamoja na mwenzake Marshall Mann, huwalinda mashahidi waliohamishiwa Albuquerque, katika jimbo la New Mexico. Sasa nafuata yale yanayokuja baada ya hatari kupita: mtu aliyezoea fedha nyingi anaanza kazi ya mshahara mdogo, anajifunza kuitikia jina geni, na anakatazwa kumpigia simu ndugu yake hata siku ya msiba.

Mary hawabembelezi. Wengi wa anaowalinda ni wahalifu waliokubali kuwataja wenzao, kwa maana mpango huo wa Marekani wa kuwalinda mashahidi ulizaliwa katika sheria ya mwaka 1970 dhidi ya magenge makubwa, na tamthilia haifichi kwamba serikali humlinda hata mtu asiyependeka. Lakini uzuri wake mkubwa, kwa maoni yangu, umo nyumbani kwa Mary mwenyewe. Mama yake, Jinx, na mdogo wake, Brandi, wanaishi naye kwa muda mrefu bila kujua kazi yake halisi, na baba yake ni mwizi wa benki aliyetoroka yeye akiwa mtoto. Huyo anayewaficha wageni ni binti wa mtu aliyejificha asimwone.

Mimi naishi Bukavu, kwa hiyo siwezi kuitazama tamthilia hiyo bila kuifikiria Kavumu, mji mdogo ulio kaskazini mwa Bukavu. Mwaka 2017 mahakama ya kijeshi ya Kivu ya Kusini ilihamia huko kuwahukumu mbunge wa jimbo, Frederic Batumike, na wenzake kwa ubakaji wa wasichana wadogo. Mashahidi walizungumza wakiwa wamefichwa nyuso, sauti zao zikibadilishwa kwa chombo, na watoto hawakusimamishwa tena mahakamani kwa sababu maelezo yao yalikuwa yamekwisha kurekodiwa kwa video. Mwezi wa Desemba watu 11 walihukumiwa kifungo cha maisha. Ilikuwa kazi kubwa, na waliothubutu kusema wanastahili heshima yetu yote.

Lakini jina jipya lingemfaa nini mama wa Kavumu? Akihamia Kadutu au Bagira, hapa Bukavu, kabla ya juma kwisha majirani watakuwa wamemwuliza ametoka kijiji gani, ni wa ukoo gani na anasali parokia ipi. Sheria yetu ya 2006 kuhusu ubakaji inamtaka hakimu achukue hatua za kumlinda shahidi, ila mama huyo, akishavua kitambaa usoni, ana shamba la kulima na soko la kwenda, katika eneo lile lile wanakotoka jamaa za waliofungwa.

Natamani waandishi wetu wa tamthilia, hapa na Goma, watuandikie afisa wa namna hiyo: anayepanda kijijini miezi mingi baada ya hukumu, akauliza nani humsindikiza mama sokoni, kama binti bado anasoma, na kama ile namba ya simu aliyowaachia huitikiwa usiku.