Inuka, Ule

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Juma hili nimelivuka kwa kujikokota. Jumanne usiku, saa saba imeshapita, bado nilikuwa mezani nalipanga upya somo la watoto wa Shule ya Jumapili. Ilikuwa mara ya nne. Somo lilikuwa tayari tangu Jumamosi, lakini kila nikilisoma naona kasoro. Hapa limerefuka, pale limepoa, mwisho hauna nguvu. Nafuta, naandika, nafuta tena. Ndipo nikasikia kicheko sebuleni. Mwanangu mdogo, niliyedhani amelala zamani, alikuwa amejikunyata nyuma ya kiti na simu yangu mkononi, anatazama katuni. Nikamkaripia kwa sauti ambayo mwenyewe iliniogopesha. Akanyamaza kidogo, halafu akaniambia taratibu, "Mama, njoo umwone huyu mbwa."

Nikaenda, nikaketi sakafuni karibu naye.

Ilikuwa katuni ya mwaka 1946. Mbwa mwitu ametoroka gerezani, na askari aliyetumwa kumfuata ni mbwa mdogo aitwaye Droopy, mashavu yamelegea, macho ya usingizi, sauti ya mtu aliyetoka msibani. Mbwa mwitu anakimbia mpaka miguu haionekani. Anafunga mlango nyuma ya mlango nyuma ya mlango, akigeuka, Droopy yupo ndani anamngoja. Anajificha kwenye ukumbi wa sinema, akiinua macho, Droopy anamtazama kutoka kwenye skrini. Anakwenda kwa daktari abadilishwe sura asitambulike tena, akijitazama kwenye kioo amepewa sura ya Droopy! Mtoto alicheka mpaka akalala chali. Nami nikacheka, wapendwa, nikacheka mpaka machozi yakanitoka, na machozi hayo yakakataa kukoma hata kicheko kilipokwisha. Maana Zaburi ya 139 ilinijia palepale: "Niende wapi nijiepushe na roho yako? Niende wapi niukimbie uso wako?" Nilikuwa nimekimbia juma zima. Nilikimbilia kwenye kazi ya Mungu ili nisionane na Mungu mwenyewe, kwa sababu nilijua ataniambia nimechoka.

Siku ya pili nikamtafuta aliyeitengeneza. Jina lake Frederick Bean Avery, mzaliwa wa mji wa Taylor, Texas, mwaka 1908. Kwa sababu ya kwao walimwita Tex, na jina likamkaa. Alitamani kuchora vibonzo vya magazetini, mambo hayakwenda, akaangukia kwenye studio za katuni huko Los Angeles. Akiwa bado kijana, kwenye mzaha wa ofisini, mwenzake mmoja alirusha kitu kidogo chenye ncha. Avery akageuka wakati uleule, kikampata jicho la kushoto. Hakuona tena kwa jicho hilo. Na mtu huyu wa jicho moja ndiye aliyekuja kuwafundisha wengine namna ya kuchekesha macho ya watu.

Mwaka 1935 akapewa kikosi chake cha wachoraji katika studio ya Leon Schlesinger, akiwa na vijana kama Chuck Jones na Bob Clampett. Wakawekwa kwenye kibanda cha mbao kilicholiwa na mchwa, mpaka wenyewe wakakiita ukumbi wa mchwa. Humo kwenye mchwa ndimo alimotoka bata Daffy mwaka 1937. Mwaka 1940 akatoka sungura Bugs Bunny kwa sura tunayoijua. Mwindaji amemwelekezea bunduki, watazamaji wanangoja apige yowe, yeye anatafuna karoti na kumuuliza mwindaji kuna habari gani. Sisi tuliolelewa na hadithi za Sungura mjanja tunamtambua mara moja huyo. Baadaye akahamia studio ya MGM, na huko ndiko Droopy alikozaliwa mwaka 1943. Watu waliokuja nyuma yake wamechota kwake mpaka leo. Macho yanayochomoka kichwani mtu akishangaa, taya linaloanguka mpaka mezani, mengi ya hayo ni mkono wake.

Lakini kilichonishika ni namna alivyofanya kazi. Filamu hupita fremu 24, yaani picha moja moja 24, kwa sekunde moja. Avery aligundua kwamba jicho linahitaji fremu 5 tu kukitambua kitu, yaani kama sehemu ya tano ya sekunde. Kwa hiyo akitaka fuawe, chuma kile kizito cha mhunzi, imwangukie mtu kichwani, aliionyesha fremu nne au tano tu kabla haijatua, ili mtazamaji asijue imetoka wapi. Mtu anayehesabu hivyo hapumziki. Filamu ikishakamilika, alirudi kuikata fremu mojamoja kwa sababu roho yake haijatulia. Waliofanya naye kazi wamesimulia kwamba alikuwa mtu wa haya, asiyejiamini, asiyesadiki kwamba kazi yake ni nzuri hata ulimwengu ukicheka. Mwaka 1950 mwili ukagoma. Akaacha kazi kwa muda mrefu, mwingine akashika kikosi chake.

Nilipofika hapo niliifunika simu. Maana ni mimi huyu. Jumanne usiku nilikuwa nakata fremu.

Tufungue 1 Wafalme 19. Eliya ametoka kuuona moto ukishuka mlimani Karmeli, na siku chache baadaye yuko jangwani chini ya mti wa mretemu anaomba afe. "Yatosha," anasema, "mimi si mwema kuliko baba zangu." Sikieni hapo. Mtu aliyeshusha moto anajipima na wengine na kujiona hafai! Na BWANA anamfikia kule alikokimbilia. Nilitegemea kemeo, kwa sababu mimi ningemkemea. Malaika anamgusa, anamwambia, "Inuka, ule." Kuna mkate juu ya makaa na gudulia la maji kichwani pake. Eliya anakula, anakunywa, halafu, nami nimelisoma neno hili mara nyingi bila kulisikia, analala tena. Nabii wa Mungu anakula na kurudi kulala, na malaika anamwacha alale! Anarudi mara ya pili na chakula kingine, maana safari ni kubwa mno kwake. Mambo ya mlima Horebu, upepo na tetemeko na sauti ndogo, yanakuja baada ya milo miwili na usingizi wa mara mbili.

Ndugu yangu unayesoma haya ukiwa umechoka, Mungu hakufuatii akurudishe gerezani. Anakufuatia na mkate. Kula. Lala.

Na hapa niseme neno na sisi kanisa, wazee wangu mnisamehe. Tuna tabia mbaya. Tukimwona mtu anaweza, tunambebesha. Anaimba vizuri, apewe kwaya. Yuko kwenye kwaya, apewe na vijana. Si anafika mapema? Apewe na funguo. Siku anapodhoofika tunamwambia imani yake imepungua, afunge na kuomba zaidi. Nani kati yetu ameoka mkate? Nani amekwenda kwa mwalimu wa watoto akamwambia, dada, leo pumzika, nitashika mimi? Wapo watumishi katikati yetu ambao hawajasikia neno la shukrani miaka mingi, nao wanatuchangamsha kila Jumapili kwa roho zilizokauka. Tumekosea. Na tusingoje waanguke ndipo tuitishe maombi ya usiku kucha.

Kuhusu kicheko sitasema mengi, Mithali 17:22 mnaijua wote, moyo uliochangamka ni dawa nzuri. Niongeze tu kwamba katika nyumba yangu dawa hiyo ilikuwa ikinywewa gizani, nyuma ya kiti, kwa hofu ya mama. Nimemwomba mwanangu msamaha.

Avery alirudi kazini, hakuacha kuchora. Alipita studio nyingine, akatengeneza matangazo ya televisheni kwa miaka mingi, mwaka 1972 akafiwa na mwanawe, na alipofariki mwezi Agosti 1980 alikuwa bado na kazi mezani katika studio ya Hanna-Barbera. Sijui kama kuna mtu aliyewahi kumwambia yatosha kwa upole, kama anavyoambiwa mtu anayependwa.

Jumapili hii kijana anayenisaidia ndiye atakayefundisha. Nimempa somo lile la Jumamosi, la kwanza, kabla sijalichokonoa. Mimi nitaketi mkekani pamoja na watoto. Jana usiku saa tatu nilikuwa nimeshazima taa.