Dinosaria wa zege Lindi: chumvi kwanza, urembo baadaye

Mnaoulizia sanamu ya dinosaria wa Tendaguru, kile kilima cha mkoani Lindi kulikochimbwa mifupa yao, hapa mjini: inajengeka, ila bahari haina huruma na nondo.

Mchanga wa ufukweni achaneni nao, hata ukiwa wa bure. Chumvi yake hula chuma ndani kwa ndani, kutu inavimba, zege linabanduka vipande. Tumieni wa mtoni. Maji ya kisima cha pwani yaonjeni kwanza; yakiwa na munyu, hayafai.

Miguu nondo za milimita 16, mbavu za milimita 8, juu yake wavu wa kuku tabaka tatu, umekazwa kwa waya. Saruji ndoo 1, mchanga 2, maji kidogo: ukifinya konzi moja ishikane bila kuchuruzika. Nondo zifunikwe sentimita 4 au zaidi. Kisha magunia mabichi siku 7 mfululizo, usiku pia, maana upepo ukikausha nje kabla ya ndani unapata nyufa kama utando wa buibui. Tumboni acheni tundu la kutolea maji.

Umbo sasa. Mifupa ya huyu mwenye shingo ndefu, iliyochimbwa Tendaguru 1909 hadi 1913, imesimamishwa kwenye makumbusho Berlin, Ujerumani, zaidi ya mita 13 kwenda juu. Nusu ya hapo inatosha, shingo ndiyo huangusha kazi. Miguu ya mbele mirefu kuliko ya nyuma, mgongo unateremka kama wa twiga. Mkia hauburuzwi chini, jamani! Nondo zake zianzie nyongani, watoto lazima wataubembea.