Mwali wa Njano na Vitu Vilivyopuuzwa

Maji yenye chumvi yakifurika kwenye sufuria na kudondokea mwali wa jiko la gesi, mwali wa buluu hugeuka njano kali kwa muda mfupi, kisha hurudi kama ulivyokuwa. Kwa miaka mingi niliona jambo hilo na kulipuuza. Nilifuta jiko na kuendelea na shughuli zangu, ingawa shuleni nilikuwa nimekariri jedwali la elementi kuanzia haidrojeni hadi pale mwalimu aliposema yatosha. Njano ile ni sodiamu iliyomo kwenye chumvi. Atomi zake zikipashwa moto hutoa mwanga wa rangi hiyo, na mwanga huo ukipitishwa kwenye mche wa kioo hautandazi rangi zote za upinde wa mvua, bali huonyesha mistari miwili myembamba ya njano iliyobanana mno.

Robert Bunsen na Gustav Kirchhoff, waliofanya kazi Heidelberg nchini Ujerumani, ndio waliougeuza mwanga wa namna hiyo kuwa njia ya upelelezi. Walithibitisha kwamba kila elementi ina mpangilio wake wa mistari usiofanana na wa nyingine, kwa hiyo anayeijua mistari huweza kutambua kilichomo ndani ya kitu hata kama ni kidogo kiasi cha kutopimika kwa mizani. Mwaka 1860 walichukua maji ya chemchemi ya madini ya Dürkheim, wakayachemsha, wakaondoa chumvi walizozifahamu, kisha wakayatia masalia yake kwenye mwali. Katika spektroskopu, chombo kinachotenganisha mwanga kuwa mistari yake, ikatokea mistari miwili ya buluu ambayo hawakuwa wameiona popote, nao wakaiita elementi hiyo siziamu, kutokana na neno la Kilatini lenye maana ya samawati. Kuiona kulihitaji tone tu. Lakini kuipata kwa kiasi cha kuchunguzwa vizuri kulihitaji kuchemsha takriban tani 40 za maji hayo, na walichoambulia ni gramu chache za chumvi yake. Mwaka uliofuata waligundua rubidiamu kwa njia hiyohiyo.

Ungeuliza wakati ule siziamu inafaa nini, jibu lingekuwa fupi. Ni metali laini inayoyeyuka kwenye nyuzijoto 28.5 za Selsiasi, na ikigusa maji hulipuka, sifa ambazo hazimvutii fundi yeyote. Thamani yake kubwa ilijulikana karibu karne moja baadaye, pale Louis Essen na Jack Parry walipotengeneza nchini Uingereza, mwaka 1955, saa ya atomi iliyotegemea mitetemo ya siziamu. Tangu mwaka 1967 sekunde yenyewe haipimwi tena kwa mwendo wa dunia, bali kwa mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho, yaani mawimbi ya nishati, unaohusiana na atomi hiyo. Setilaiti zinazotuonyesha njia kwenye simu hutegemea saa za siziamu na za rubidiamu, kwa sababu ishara zake husafiri kwa kasi ya mwanga, na kosa la sehemu moja ya milioni ya sekunde humpoteza msafiri kwa mita 300 hivi.

Kisa kinachonivutia kuliko vyote, hata hivyo, kinahusu mstari mwingine wa njano. Tarehe 18 Agosti 1868 jua lilipatwa, na wataalamu, akiwemo Mfaransa Pierre Janssen, walikuwa Uhindi wakiutazama kwa spektroskopu mwanga unaotoka pembeni mwa jua. Mstari mmoja wa njano ulidhaniwa kwanza kuwa wa sodiamu, na mimi simlaumu aliyedhani hivyo, maana umekaa jirani kabisa na ile miwili ya chumvi yetu. Norman Lockyer, aliyelichunguza jua kutoka Uingereza mwezi Oktoba mwaka huohuo, aliridhika kwamba mstari huo haukuwa mahali pa sodiamu wala pa elementi yoyote iliyojulikana. Elementi hiyo mpya ikaitwa heliamu, kwa jina la Kigiriki la jua, na kwa miaka 27 iliyofuata wapo wanakemia waliolicheka wazo la kuipa jina elementi ambayo hakuna aliyewahi kuishika.

Kumbe ilikuwa imefungiwa ndani ya mawe. Mwanakemia Mmarekani William Hillebrand alikuwa amekwisha kuitoa kwenye madini ya urani kwa asidi, akaona ni gesi isiyoungana na kitu, akaidhania nitrojeni. Mwaka 1895 mwanakemia William Ramsay alirudia jaribio hilo jijini London akitarajia kupata gesi ya argoni. Alipoitazama gesi yake kwenye spektroskopu alikuta mstari wa njano, na kwa mara nyingine mstari huo haukulingana na wa sodiamu. Hillebrand alikuwa na heliamu mkononi na hakujua. Simdharau, lakini kila ninapolifikiria jambo hili nakumbuka jinsi nilivyokuwa nikifuta jiko.

Leo heliamu hujulikana zaidi kwa maputo, matumizi ambayo mimi nayaona ni ya anasa. Heliamu ikiwa kimiminika huchemka kwenye nyuzijoto 269 chini ya sifuri, na hakuna kimiminika kingine kinachoweza kuzipoza vilivyo sumaku kubwa za mashine za MRI zinazopiga picha za ndani ya mwili. Gesi hii hutokana na kuoza, yaani kuvunjika kwa atomi, kwa urani na thoriamu ardhini kwa mamilioni ya miaka, hunaswa pamoja na gesi asilia, na ikiachiwa hupanda juu hadi kutorokea angani, isirudi tena.

Iodini nayo ilipatikana kwa ajali ya kazini. Mwaka 1811 Bernard Courtois, mtengenezaji wa shura, chumvi inayotengenezewa baruti, huko Ufaransa, alikuwa akitumia majivu ya mwani, kwa kuwa vita vya Napoleon vilihitaji baruti nyingi. Alipotia asidi ya salfuriki kupita kiasi kwenye masalia ya majivu hayo, ukafuka mvuke wa zambarau, nao ulipogusa mahali pa baridi uliganda moja kwa moja kuwa fuwele nyeusi zinazong'aa. Jambo hili nimelishuhudia kwa macho yangu: mwalimu alipasha moto chembe chache ndani ya neli ya kioo, na zambarau ile ikapanda taratibu, nzito, kama wino unaotembea hewani, kisha fuwele ndogo mfano wa sindano zikashika ukutani mwa neli. Nilizigusa kinyume cha maagizo, na vidole vyangu vikabaki na madoa ya kahawia.

Courtois hakuwa na fedha za kuendeleza uchunguzi, akawagawia wengine sampuli, na wakubwa wa kemia, Gay-Lussac wa Ufaransa na Humphry Davy wa Uingereza, wakagombea heshima ya kuitambulisha. Yeye alikufa maskini mwaka 1838. Mapema, mwaka 1820, daktari Jean-François Coindet wa Geneva alikuwa ameanza kuwapa iodini wagonjwa wa rovu, ule uvimbe wa tezi shingoni. Mtu mzima huhitaji takriban maikrogramu 150 kwa siku, kiasi kisichoonekana kwa macho, na ndiyo sababu iodini hutiwa kwenye chumvi ya chakula.

Elementi ya 43 ilitoka jalalani hasa. Mendeleev, mwanakemia Mrusi aliyelipanga jedwali la elementi, alikuwa ameiachia nafasi katika jedwali lake la mwaka 1871, na waliodai kuipata walikosea mmoja baada ya mwingine, maana isotopu yake, yaani aina ya atomi zake, inayodumu kuliko zote hupungua kwa nusu katika miaka milioni 4 hivi, ilhali dunia ina zaidi ya miaka bilioni 4. Mwanafizikia Mwitalia Emilio Segrè aliomba vipande vilivyotupwa vya siklotroni, mashine ya kuziongezea kasi chembe za atomi, ya Berkeley, Marekani, akatumiwa kipande cha metali ya molibdenamu kilichokuwa kimepigwa na chembe kwa miezi mingi. Mwaka 1937, huko Palermo nchini Italia, yeye na Carlo Perrier waliikuta elementi hiyo ndani yake. Iliitwa teknetiamu, yaani iliyotengenezwa.

Aina yake moja, teknetiamu-99m, hupungua kwa nusu kila baada ya saa 6, muda unaotosha kupiga picha ya moyo au mifupa bila kuuacha mwili na mnururisho kwa muda mrefu. Kwa kuwa haihifadhiki, hospitali huletewa chombo chenye molibdenamu-99 inayogeuka teknetiamu polepole, na asubuhi mtaalamu hupitisha maji ya chumvi ndani yake ili kuichota. Wenye kazi hiyo hukiita chombo hicho ng'ombe, na kuchota huko hukuita kukamua. Baada ya wiki moja hivi maziwa hupungua, na ng'ombe mwingine huletwa.