Mradi wa Max Schreck: tumefika melini

Wiki hii kazi imesogea. Kwa wageni, naingiza maelezo ya Kiswahili kwenye Nosferatu ya 1922, ile filamu bubu aliyoongoza Murnau, yaani kama wale jamaa wanaotafsiri muvi kwenye vibanda vya video, ila maelezo yangu yanamfuata zaidi mtu mmoja, Max Schreck, aliyecheza Orlok, yule mnyonya damu mwenyewe.

Maana huyu mzee kasingiziwa sana. Watu wanadai eti alikuwa mnyonya damu kweli, mara jina la kubuni, wakati ni mtoto wa Berlin, kazaliwa 1879, na maisha yake yalikuwa jukwaani tu, kapita kwa Max Reinhardt, mwongozaji wa maigizo, akaenda Münchner Kammerspiele, ukumbi wa maigizo wa Munich, na mwaka huohuo wa Nosferatu, mwezi wa tisa, yuko hapohapo anacheza Glubb mwenye baa kwenye Trommeln in der Nacht, igizo la Brecht. Hakuwa staa wa kubandikwa mabango, alikuwa mtu wa kazi. Hayo nimeyasema mwanzoni fastafasta kabla hatujafika kwenye ngome ya Orlok.

Nilipokwama ni melini. Baharia kashuka chini na shoka, mara Orlok anainuka kutoka kwenye jeneza mzimamzima kama ubao, goti halikunjwi, kiuno hakikunjwi, macho yametoka, na baharia anatimka mpaka anajitosa baharini. Mshkaji wangu anayenisaidia kumiksi alitaka tuweke mngurumo hapo. Nimekataa kabisa. Schreck anaonekana kama dakika 9 tu kwenye filamu ya saa moja na nusu, na anatisha kwa sababu anajibana, sasa ukimpa mngurumo si umemgeuza fisi wa katuni? Kwa hiyo akitokea yeye mimi nanyamaza, unasikia mbao za meli zinalia basi, halafu sauti yangu inarudi na baharia anayekimbia. Kile kivuli chake kinachopanda ngazi nacho hivyohivyo, sigusi.

Kurekodi nafanya usiku chini ya blanketi, joto balaa.

Ah, na mjue hii filamu mahakama ya Ujerumani iliamuru nakala zote ziharibiwe, maana hadithi ilitolewa kwenye Dracula, kitabu cha Bram Stoker, na mjane wake alishtaki kwa kutoombwa ruhusa. Bahati kuna zilizopona.

Imebaki barua ya Orlok, na hiyo lazima niisome kwa sauti yake. Kabla sijarekodi naitafuta Die verkaufte Braut, filamu ya 1932, hiyo ina sauti na Schreck yumo, nataka kwanza nisikie alikuwa anaongeaje.